Ua la Baba Mkwe

Mtakaonicheka mnicheke taratibu, maana ndoa yenyewe bado changa.

Mimi nauza vitenge Tunduma. Jumamosi mume wangu alinipeleka kwao, milimani Ileje, nikawasalimie wakwe. Kwao mke wa mwana hatazamani na baba mkwe. Mzee akitokea unampa mgongo, na maneno yenu yanapitia kwa mama mkwe. Njia nzima nilikuwa nayakariri hayo.

Mama mkwe alikaa mlangoni mwa jiko akimenya viazi. Nami nikatafuta pa kukaa uani, nikaona juu ya jiwe kitu cha kijani, cha mviringo, kina vidoti vyeupe, laini kama mto wa kochi. Nikasema moyoni, watu wa huku wanajua kukirimu! Nikakaa.

Mara mzee akamwita mkewe kutoka ndani, "Mama Atu, mwambie mkwe aliangalie ua langu. Nililitoa juu kabisa kwenye miamba, nikalilea kama mtoto. Mwaka huu ndio limechanua."

Nikazungusha macho nikitafuta waridi, sikuona kitu. Lakini nani amvunje moyo mzee? "Mama, mwambie baba nimeliona. Zuri mno!"

Mzee kwa furaha akatoka nje. Nikaruka, nikamgeuzia mgongo kwa heshima zote.

Mama mkwe akalitazama jiwe, tupu, akatazama nguo yangu kwa nyuma, akaangua kicheko hadi kisu kikamponyoka.

"Mwambie mkwe," mzee akasema kwa upole, "hata mimi nimeliona. Limemkaa vizuri hapo nyuma."