Sura ya Mpelelezi Rudge

"Mpelelezi Rudge ana sura gani?"

Nilimwuliza Bwana Orville Tessmer swali hilo nikiwa na miaka saba, mezani, mbele ya wapangaji wote. Wakacheka. Alikuwa amepanga chumba cha juu nyumbani kwetu Los Angeles, na kila Jumanne Amerika nzima ilimsikia redioni, yeye ndiye Rudge, akiwanasa wauaji kwa sauti nzito ya kutetemesha vikombe. Ila umwone sasa: mfupi, kipara, masikio kama vishikio vya sufuria. Aliomba apewe viazi.

Nilipoingia sekondari, kampuni moja ya filamu ikanunua hadithi za Rudge. Mtaa wetu uliamini Rudge wa sinema atakuwa yeye, na yeye aliamini kuliko mtaa. Akanunua kofia mpya.

Siku ya majaribio mama alimpeleka kwa gari letu, nami nikajibana nyuma. Jamani. Mbele ya kamera alisimama kama nguzo ya simu, hamtazami mtu. Kiganja kimoja sikioni, ajisikie. Mkono wa pili ukawa unaachia karatasi moja moja, karatasi ambazo hazikuwepo. Watu wa redio hawakariri, wanasoma, na ukurasa ukiisha wanauachia utue zuliani polepole usije ukachakacha kwenye maikrofoni. Mkono wake haukujua kazi nyingine. Mafundi wa taa walishika mbavu.

Mwongozaji, Bwana Lundeen, hakucheka. Alisema kuna kijana mrefu, mtanashati, atasimama mbele afumbue mdomo, na Tessmer atatia sauti kutoka pembeni. Malipo mazuri tu.

"Sauti yangu haikodishwi," Tessmer akasema. "Nijaribu tena kesho. Nikishindwa, mchukue huyo mrefu na sauti yake mwenyewe."

Lundeen akakubali, shingo upande. Nyumbani, Tessmer alikaa jikoni, kofia mapajani. Alijua watu wa kampuni wakimkasirikia, hata redioni anaweza kukosa nafasi, maana Rudge sasa ni mali yao. Mama akamrushia soksi iliyotoboka na sindano yenye uzi.

"Bi Hedda, mimi niko msibani, wewe unaniletea soksi?"

"Mikono yako haina kazi, ndiyo maana inajitafutia. Shona. Halafu nikamate, mimi ndiye muuaji."

Akashona huku akisema maneno ya Rudge. Mama akaanza kuzunguka meza. Kidogo kidogo macho ya Tessmer yakatoka kwenye soksi yakamfuata mama, kisha miguu nayo ikafuata. Alipombana mlangoni, mama, ambaye haogopi hata mtoza kodi, akakiri kuua.

Kesho yake Tessmer akaingia mbele ya kamera na soksi ileile. Akashona, akauliza, akashona, akainua macho. Fundi mmoja wa taa alisahau sigara yake mpaka ikamwunguza kidole. Lundeen alisema neno moja tu: soksi ibaki.

Usiku filamu ilipoonyeshwa mara ya kwanza, foleni ilizunguka jengo la sinema. Rudge alipokata uzi kwa meno na kumtaja muuaji, ukumbi mzima ulisimama. Tulipotoka, watu walikuwa wanagombania kumshika Tessmer mkono, na juu yetu kulikuwa na bango la ghorofa mbili: kipara, masikio, soksi. Alilitazama, akanitafuta kwenye msongamano, akavua kofia.

"Verna, uliniuliza," akasema. "Ana sura yangu."