Waringa na Imla ya Kilituanya

Waringa alipojifungua binti yake wa kwanza, jina halikuhitaji kikao. Kwa Wagikuyu, binti wa kwanza hupewa jina la mama mzaa baba. Mumewe, Vytenis, fundi wa mitambo ya satelaiti pale Greenbelt, alizaliwa hukohuko Marekani na wazazi waliotoka Lituanya, na mama yake aliitwa Genovaitė. Basi mtoto akawa Genovaitė. Bibi yake alilia palepale wodini. Katika ukoo wao hakuna aliyewahi kumpa heshima ya namna hiyo.

Cheti cha kuzaliwa kilipofika, mama mkwe alivaa miwani, akakisoma, akakirudisha mezani polepole.

"Kitone kimepotea," alisema. "Juu ya e ya mwisho. Bila kitone, hili si jina langu."

"Mama, kompyuta za serikali hazina hicho kitone," Vytenis alijitetea.

Mpaka siku hiyo, Waringa na mama mkwe wake walikuwa watu wa kuulizana hali ya hewa. Walisalimiana kwa Kiingereza, wakapeana chai, basi. Lakini jambo hili lilimgusa Waringa.

"Mama, hata mimi jina langu kwetu lina i yenye kiwimbi juu," alisema. "Warĩnga. Tangu nije huku, sijaliona limeandikwa hivyo."

"Na hiyo i yenye kiwimbi hutamkwaje?"

Waringa akaitamka: sauti iliyo kati ya i na e, midomo imebanwa kidogo. Kizee aliketi wima.

"Sema tena."

Akasema tena.

"Lakini hiyo ndiyo ė yetu! Mwanangu huyu aliyezaliwa na mimi haijui, na wewe umekuja nayo kutoka Afrika!"

Mtoto alipofikisha umri wa kwenda shule, walimwandikisha katika shule ya Jumamosi ya Kilituanya, inayokutana katika ukumbi wa kukodi upande wa Virginia. Wazazi wengine walisubiri ndani ya magari wakichezea simu. Waringa, ambaye wiki nzima alikuwa akiwanyanyua na kuwaogesha wazee katika nyumba ya kulelea huko Hyattsville, angeweza kulala usingizi wake ndani ya gari na asilaumiwe na mtu. Badala yake aliingia darasa la watu wazima, akakaa mbele.

Mwalimu aliitwa Daiva, mwanamke mrefu mwenye sauti ya kwaya. Alipoona wanafunzi wananung'unika juu ya utitiri wa vitone na vimkia, alifunga kitabu akawasimulia.

Kitabu cha kwanza cha Kilituanya, alisema, kilipigwa chapa mwaka 1547, tena si Lituanya kwenyewe bali ng'ambo ya mpaka, Prussia. Wachapaji walikuwa na herufi za Kijerumani na Kipolandi tu, hivyo kila mwandishi aliandika alivyosikia. Karne moja baadaye, mwaka 1653, mchungaji mmoja wa hukohuko Prussia alitoa sarufi ya kwanza, akiieleza kwa Kilatini. Huyo ndiye aliyeiwekea e kitone, ili msomaji asichanganye sauti mbili.

"Na vimkia?" Waringa aliuliza.

"Vimkia chini ya a na e vilionyesha sauti iliyopitia puani. Leo haipiti tena, lakini kimkia kinatuambia neno linafanya kazi gani. Upė ni mto. Ukiuvuka huo mto, ni upę."

Kisha Daiva akafika mwaka 1864. Serikali ya mfalme wa Urusi, iliyoitawala Lituanya wakati huo, ilipiga marufuku kuchapa Kilituanya kwa herufi za Kilatini. Atakaye kusoma asome kwa herufi za Kirusi. Watu wakakataa. Kwa miaka arobaini vitabu vilichapwa Prussia na kuvushwa mpakani kwa magendo, ndani ya magunia na chini ya nyasi kavu, na waliokamatwa wengine walipelekwa Siberia. Katikati ya dhiki hiyohiyo, wasomi walikuwa wakibishana juu ya tahajia: waache sz na cz za Kipolandi, wachukue š na č za Kicheki? Sarufi iliyotuliza mambo ilitoka mwaka 1901, marufuku ikiwa bado inauma.

Waringa alirudi nyumbani akiwaza. Watu walifungwa kwa ajili ya herufi! Naye za kwao alikuwa ameziacha kwa sababu simu haikuwa nazo.

Kila Februari shule hiyo hufanya imla ya wazi: mwalimu husoma, ukumbi mzima huandika, wenyeji na wageni pamoja. Mwaka wa kwanza karatasi ya Waringa ilirudi imejaa wino mwekundu. Chepkirui, muuguzi kutoka Kericho anayesali naye kanisa moja, aliiona akaguna.

"Wewe Mama Genovaitė, unajitesa ya nini? Hao watu wenyewe wanafeli."

"Sikufeli kwa masikio," Waringa alimjibu. "Nilifeli kwa mikia. Masikio ninayo. Kwetu kũrĩma ni kulima, na kũrema ni jambo kukushinda. Ukichanganya sauti hizo mbili, umemwambia mtu shamba limekushinda kumbe unalilima."

Mwaka uliofuata alilima. Jikoni mama mkwe alimsomea sentensi, yeye akaandika huku sufuria ya viazi na mahindi ya mukimo ikitokota. Kila neno alilihoji kama tunavyohoji ngeli: wewe ni mtenda au mtendwa? Ni wa nani? Mmoja au wengi? Jibu likija, kimkia kinajileta chenyewe. Mtu aliyekua na ngeli, alisema, hawezi kuogopa miisho ya maneno.

Siku ya imla Chepkirui alikuja naye kumsindikiza, kanga mabegani juu ya koti zito. Daiva alisoma habari ya mto unaoyeyuka barafu. Waringa aliandika bila kuinua kichwa. Vytenis, mezani pembeni, alifuta, akaandika, akafuta tena.

Matokeo yalisomwa baada ya chai. Miongoni mwa wote ambao hawakukuzwa na lugha hiyo, wa kwanza alikuwa Waringa. Katika ukumbi mzima, pamoja na waliozaliwa Vilnius, huko Lituanya, alikuwa wa tatu.

Chepkirui akapiga vigelegele. Ukumbi ule wa watu wapole ulishtuka, kikombe kimoja kikaanguka, kisha mtu akaanza kupiga makofi na wote wakasimama. Vytenis, wa kumi na nane, ndiye aliyepiga makofi kwa nguvu kuliko wote.

"Mum beat Dad!" Genovaitė mdogo alipaza sauti kwamba mama kamshinda baba, na hakuna aliyemkemea kwa kusema Kiingereza.

Mama mkwe alimshika Waringa mabega, akamwambia jambo refu kwa Kilituanya, bila kupunguza mwendo, bila kutafsiri. Waringa akamjibu kwa Kilituanya. Wakaendelea hivyo mpaka kwenye gari, na njia nzima ya barabara kuu ya Beltway, wakibishana kama mukimo unafaa kuliwa na krimu ya maziwa.

Septemba iliyofuata, Daiva alimkabidhi Waringa darasa la wanaoanza kusoma Kilituanya, alifundishe yeye.