Siku Tume ya Mishahara Ilipokula kwa Hajara

Ukubwa ni jaa, na Hajara wa Arua hakuhitaji kufundishwa hilo. Mumewe, Zubeiri, alikuwa mkubwa katika ofisi za wilaya, mtu wa kupigiwa saluti na polisi. Kila mwenye msiba, kutoka Vurra mpaka Koboko, alikuja kumlilia yeye. Lakini mwaka huo wa 1989 mshahara wake uliisha kabla sabuni haijanunuliwa. Serikali ilikuwa imeweka kikomo, mkubwa asilipwe zaidi ya hapo, na Zubeiri alikuwa amekifikia siku nyingi: kichwa kimegusa dari, tumbo tupu.

Nyumba ililishwa na maandazi ya kuuza. Hajara aliyakaanga kila alfajiri kwa kuni mbichi, na moshi ulikuwa unamla macho. Muuguzi alimwambia wazi kwamba asipoacha ule moto atapofuka.

Basi iliposikika kuwa tume inatoka Kampala kuangalia wakubwa wanaishije, ili ishauri kama kikomo kipandishwe, Hajara akasema moyoni, mgeni njoo, mwenyeji apone.

“Baba Hawah,” akamwambia mumewe, “hawa watu watakula chakula yetu ya kila siku. Muhogo na majani ya kunde. Watakaa kwa mkeka.”

“Mgeni akae chini? Watu watasema nini?”

“Watu iko nasema tangu zamani. Macho iko yangu.”

Walibishana siku mbili. Mwishowe Zubeiri akakubali, uso umemvimba kama aliyemeza shubiri.

Wageni walifika mchana, wamejaa vumbi jekundu. Kiongozi wao, mzee mwembamba, alivua viatu mlangoni bila kuambiwa, akamwamkia Hajara kwa heshima, akakaa mkekani akisugua magoti yanayouma. Hajara akatazama sahani ya muhogo. Kwao, mwanamke anayempa mgeni chakula cha hivihivi husemwa mpaka wajukuu wake waone haya. Hasira zilimpanda, asijue ni za nani.

Kisha akamsukumia Zubeiri kisu. “Chinja ile jogoo.”

“Lakini ni wewe ulisema...”

“Mimi nilisema. Chinja.”

Akaenda mwenyewe kwa jirani yake, Santa, kuazima viti na mchele. Udi ukafukizwa, kahawa ya tangawizi ikamiminwa, na Zubeiri, mjinga yule, akachangamka kama bwana harusi. Mzee alikula mpaka akalegeza mkanda.

“Mama, asante sana,” akasema akinawa mikono. “Kampala sisi hatuli hivi. Nitawaambia wenzangu, wakubwa wa huku iko sawa.”

Hajara akafungua mdomo. Angeweza kusema jogoo alikuwa wa mwisho, na viti ni vya Santa. Lakini mtu anaanzaje, mgeni bado ana maji mikononi?

“Karibu tena, mzee,” akasema.

Mvua za kwanza ziliponyesha, redio ikatangaza alfajiri kwamba kikomo kimebaki palepale. Zubeiri aliizima, wala hakuthubutu kumtazama mkewe. Hajara alijifunga kanga, akainama, akapuliza kuni za maandazi. Machozi yakamtoka, na siku hiyo hakusingizia moshi.