Gari la Mama Mapazia Lavaa Upya

Mtaa mzima ulimwita Mama Mapazia, na kama kuna aliyelijua jina lake la utotoni, basi alikwisha kulisahau. Alishona mapazia tu. Mtu akimletea suruali ipunguzwe kiuno, alimwelekeza kwa jirani bila kinyongo. "Mimi navalisha madirisha," alikuwa akisema. "Dirisha halinenepi, halikondi, wala haliji kulalamika kwamba nimelibana kwapa." Kazi hiyo ilimpeleka majumbani mwa watu, futi ya kupimia shingoni na penseli kichwani, huku fimbo za mapazia zimelazwa ndani ya kigari chake kidogo, kutoka kioo cha nyuma hadi kwenye dashibodi. Aliyekaa kiti cha mbele ilimbidi ainamishe kichwa pembeni kama anayenong'onezwa siri.

Na aliyekaa hapo mara nyingi alikuwa mama mkwe wake. Bibi huyu alikuwa mdogo wa umbo, mkubwa wa maneno. Kila mwisho wa juma mkwewe alimpeleka ng'ambo ya mji kumwona mdogo wake, ambaye miguu ilikuwa imemgomea na hakutoka tena nyumbani. Njia nzima bibi alisimulia, akalaumu madereva wa watu, akasifu mbuzi aliyemwona kando ya barabara. Watu waliozoea kusikia habari za wakwe wanaotiliana sumu kwenye maneno waliwashangaa hawa wawili.

Siku ya ajali walikuwa wamesimama kwenye kilima kabla ya njia panda, nyuma ya lori la maji. Mama Mapazia alikuwa ameacha nafasi ya kutosha. Hata askari wa barabarani alilisema hilo baadaye. Lori likaanza kurudi nyuma. Mwanzo polepole, kama mtu anayejinyoosha. Alipiga honi. Lori likaja. Nyuma yake alikuwa amebanwa na magari mengine, hakuwa na pa kwenda, akabaki ameikandamiza honi kwa viganja vyote huku tako la lori likikua na kukijaza kioo chote cha mbele.

Yeye alitoka mzima, hata ukucha haukukatika. Bibi alivunjika mtulinga, ule mfupa wa begani.

Bima ya lori ililipa bila mzozo. Fundi wa injini akafanya kazi yake, gari likawaka vizuri na kurudishwa nyumbani likisubiri fundi wa bodi. Hapo ndipo kila kitu kilipokwama. Mama Mapazia alilifunika kwa pazia kuukuu na kuliacha uani. Akawa anakodi vijana wa mikokoteni kumbebea fimbo zake, au anakataa kazi za mbali. Mara mojamoja aliinua pembe ya pazia, akaliona lile bampa lililopinda ndani kama mdomo uliong'olewa meno, akaliteremsha pazia tena. Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Yeye alimwona nyoka mwenyewe, kila alipokwenda kuanika nguo.

Bibi naye mfupa uliunga, lakini hakutaka kusikia habari ya gari, liwe lao au la kukodi. "Mfupa umepona," alisema. "Mwenyewe bado."

Ikawa anazungumza na mdogo wake kwa simu kila alasiri, wote wawili wakipayuka kama wanaogombania shamba. Siku moja Mama Mapazia alikuwa kwenye cherehani, mlango wazi, akamsikia bibi akisema kwa sauti ambayo hakuizoea, sauti ya chini: "Sasa unalia nini? Mimi si nipo? Sikiliza tu sauti, mdogo wangu. Uso utaukumbuka."

Mguu wa Mama Mapazia ulisimama kwenye pedali. Aliukata uzi, akavaa viatu, akaenda kwa fundi wa bodi.

Fundi huyo walimwita Taratibu, na hakuwahi kukasirika kwa hilo. Karakana yake ilikuwa mwendo mfupi kutoka nyumbani, uwanja wa saruji wenye paa la mabati na geti lililokaa juu ya kijimwinuko. Milango ya magari ilining'inia ukutani kama nguo dukani.

"Bampa kama lile lako ninalo, mama," alisema, akamshushia moja kutoka kwenye ndoano. "Nikikufungia hili hutajua kama gari liligongwa. Sura ileile."

Mama Mapazia alilitazama. "Ileile kabisa?"

"Kama pacha."

"Basi silitaki. Nikiiona sura hiyo naliona lori."

Taratibu hakucheka wala hakumpa pole. Alilirudisha bampa ukutani, akajifuta mikono, akatoa simu. "Basi tulibadilishe sura. Kuna seti za kulivalisha gari, vijana wanaziita bodikiti. Bampa la mbele lenye mdomo, sketi za pembeni, kipande cha nyuma, na spoila juu ya mlango wa nyuma. Kwa kawaida wanaokuja kuziulizia ni wa umri wa wanao."

"Mwanangu wa kwanza hana hata baiskeli," alijibu Mama Mapazia. "Hebu nione."

Alichagua palepale, bila kupepesa: seti iliyokuwa kali kuliko zote, mdomo umeshuka hadi karibu na ardhi, matundu makubwa ya hewa yenye vyuma kama meno. Jioni alimwonyesha mumewe, mwalimu wa hesabu, mtu mpole asiyekosa methali.

"Uzuri wa mkakasi, mke wangu, ndani kipande cha mti."

"Ndani hakuna shida, mume wangu. Ni nje panaponitesa."

Mwalimu aliitazama picha tena. Alimjua vya kutosha kutambua pale methali inapofika mwisho wa kazi yake. Akauliza, "Na lile bawa la nyuma ni kubwa?"

"Dogo."

"Dogo halina neno."

Seti ilipofika Mama Mapazia mwenyewe aliliondoa pazia, vijana wakalisukuma gari hadi karakana. Seti yenyewe ilikuwa ya faiba, nyepesi na ngumu. Taratibu alikataa kuipaka rangi kabla ya kuijaribisha, na mshonaji hakuhitaji kuelezwa sababu: nani hupiga pasi nguo ambayo haijapimwa? Wakaishika mahali pake kwa skrubu chache. Upande wa kulia ulikaa. Upande wa kushoto, kati ya bampa na bodi, ukapita mwanya wa kuingia kidole.

"Hii imepinda tangu kiwandani," Taratibu alisema. "Naweza kusaga na kujaza, lakini tusikie kwanza chini inasemaje." Akaingia garini, akaliendesha pole kuelekea getini.

Mdomo ulikikuta kile kijimwinuko. *Krrrraaa.*

Mama Mapazia alijikuta nje, mgongo ukutani, kama aliyetolewa majini. Hakukumbuka alivyofika hapo. Taratibu alizima gari, akaja akachuchumaa pembeni yake, akaokota kijiti na kuchorachora vumbini mpaka pumzi za mama huyu ziliporudi.

"Hiyo ni ya barabara bapa kama meza," alisema mwishowe. "Sisi tuna matuta. Ukiifunga, utaisikia sauti hiyo kila siku ya Mungu. Nitairudisha, wanibadilishie. Nenda nyumbani, mama. Chagua tena, bila haraka."

Alirudi nyumbani amekata tamaa. Alikuwa tayari kuliuza gari kwa mtu wa vyuma chakavu. Bibi alikuwa sebuleni, miwani puani, akimtazama tangu alipoingia.

"Ndiyo nini uso huo? Umefiwa na gari?"

Akamweleza yote, hadi kule kukimbilia ukutani, jambo ambalo hakutaka kumwambia mtu. Bibi alinyoosha mkono. "Lete picha."

Aliiona kwanza ile seti iliyoshindikana. Akaisogeza simu mbali, akaisogeza karibu.

"Mwanangu, hili limetoa meno hivi linakwenda kumla nani? Ulitaka kulitisha lori?"

Mama Mapazia alifungua kinywa ajibu, badala yake akacheka. Kilianza kicheko kidogo, kikamzidi nguvu hadi akakaa sakafuni. Ni kweli. Ndicho alichotaka. Alitaka gari lenye sura ya kuogopwa, ili safari nyingine lori likitaka kurudi nyuma lifikirie mara mbili. Bibi naye akacheka, amelishika bega lake lililopona, na mwalimu akachungulia kutoka chumbani kuona nani amepagawa.

Basi wakachagua wote wawili. "Hili limenuna, kama limenyimwa posho." "Hili linacheka kwa dharau." "Hili kidevu kirefu, litajikwaa." Mwishowe bibi akagonga kioo cha simu kwa ukucha. "Hili. Limefumba mdomo lakini si jinga. Ni kijana aliyelelewa."

Ilikuwa seti ya plastiki, ile inayokubali kupinda kidogo na kurudi, na mdomo wake ulikuwa mfupi. Sketi zake zilishuka vidole vichache tu.

"Basi nitamwambia fundi," alisema Mama Mapazia. "Tutalipanda pamoja."

"Mimi nimechagua tu," bibi alisema upesi. "Sijasema napanda."

Lakini siku ya kufunga alitokea karakana, fimbo mkononi. Taratibu akaacha bisibisi. "Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Nimekuja kuona sketi. Nimevaa zangu maisha yote, sijawahi kuona gari likivaa."

Akaletewa kiti. Kutoka hapo alishuhudia kila kitu, na alichoshuhudia ni mtu asiyeharakishwa na yeyote. Taratibu aliingiza klipu moja baada ya nyingine, akikaza skrubu zote nusu kwanza, ndipo akazunguka tena kuzimalizia, ili kipande kisivutwe upande. Alisafisha bodi kwa spiriti kabla ya kubandika sketi kwa utepe wenye gundi pande zote mbili, kisha akazikaza kwa skrubu upande wa chini. Alitazama kama hewa inafika kwenye rejeta. Akazungusha usukani hadi mwisho wa kulia, hadi mwisho wa kushoto, akipitisha mkono kati ya tairi na plastiki. Mama Mapazia alipitisha ukucha wake kwenye ungio la bampa, kushoto na kulia, kama anavyokagua pindo la pazia. Lilikuwa sawa pande zote.

"Hapa," akasema, "hata mimi nisingepata cha kufumua."

Ndipo vipande vikafunguliwa, vikapakwa rangi, vikafungwa tena. Gari lenyewe lilibaki jeupe. Mdomo, sketi na spoila vikawa na weusi wa makaa.

Siku ya kulichukua bibi alikuja tena, safari hii bila kusema amekuja kuona nini. Taratibu alilala kifudifudi getini, shavu kwenye saruji, atazame chini ya gari linavyopita. Mama Mapazia alishika usukani. Alipiga moyo konde, akaachia breki, akaliacha gari lipande kijimwinuko kwa mwendo wa kobe, meno ameyauma akisubiri ile sauti.

Hapakuwa na sauti. Gari lilipanda, likashuka. Akatazama kwenye kioo, akamwona Taratibu amenyanyua dole gumba kutoka ardhini, vumbi usoni.

Alishusha pumzi ambayo alihisi ameibeba tangu kule kilimani. Kabla hajamaliza kuishusha, mlango wa pili ukafunguka. Bibi alitangulia kuingiza fimbo, kisha mguu, kisha akajivuta mzima mzima na kufunga mkanda.

"Mama," alisema Mama Mapazia kwa upole, "si lazima leo."

"Leo, kesho, gari limeshavaa. Wewe umeshavaa. Tutavaa tena lini? Twende kwa mdogo wangu kabla sijabadili mawazo."

Wakaenda. Bibi hakusimulia kitu. Aliishika ile kamba ya juu ya mlango kwa mikono miwili, macho mbele. Kwenye kila tuta Mama Mapazia alipunguza mwendo hadi karibu kusimama, na kila tuta lilipita chini yao kimya. Kisha wakafika kilimani, na kama isemwavyo, la kuogopwa ndilo hutangulia: mbele yao palisimama lori, limejaa mchanga.

Alisimama mbali nalo. Mbali mno, magari matatu yangeingia pale katikati. Aliyekuwa nyuma akapiga honi, akapiga tena. Mama Mapazia hakuuondoa mguu kwenye breki. Bibi akashusha kioo, akatoa kichwa nje, akageuka nyuma.

"Una haraka ya kwenda wapi, mwanangu?" alipaza sauti. "Nafasi ni yake! Ameipima mwenyewe!"

Honi ikanyamaza. Taa ya njia panda ikageuka kijani. Lori likatoa moshi, likaunguruma, likaenda mbele. Mbele tu, kama lori lolote lenye akili, mpaka likaimaliza kona.

Bibi aliirudisha mikono mapajani. "Umemwona yule mbuzi?" akasema. "Pale ukutani. Amepanda juu ya ukuta, mpumbavu." Na kuanzia hapo hakunyamaza tena hadi walipofika.

Mdogo wake alikuwa dirishani. Alilitazama gari, akapiga kelele ya kumfukuza mtu: "Wewe kijana! Hapa hapaegeshwi!" Kisha mlango ukafunguka na fimbo ikatoka kwanza, na yule mama akaziba kinywa kwa mikono yote miwili.

Mama Mapazia aliwaacha wakumbatiane. Alipoingia aliwakuta tayari wanabishana: mmoja anadai spoila ni ya kuanikia nguo safarini, mwingine anasema mjinga gani husafiri na nguo mbichi. Akajitupa kwenye kochi asikilize kidogo. Kufumba na kufumbua usingizi ulimchukua, usingizi mzito wa mchana, miguu ikining'inia na funguo za gari kiganjani, na wale kina mama wakateremsha sauti zao wasimwamshe.