Moto wa Kuitana

Siku yangu ya kwanza kazini, katibu wa ofisi ya wilaya ya Palma, kaskazini mwa Msumbiji, alinikalisha kwenye kiti kibovu akaniambia kwamba mkalimani si mtu, ni mdomo. Kinachosemwa kwa Kireno nikitoe kwa Kiswahili, cha Kimakonde nikirudishe kwa Kireno, na maoni yangu niyaache nyumbani. Ningejua yatakayonikuta Pundanhar, ningerudi zangu kwetu Quionga nikakwee minazi.

Pundanhar nilihamishiwa chini ya shefe wa posto, yaani mkuu wa utawala wa pale, kijana msomi kutoka kusini. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa haraka, na watu wa haraka wananichosha mpaka leo. Alikuja na amri dhidi ya queimada, neno ambalo kwake lilibeba kila moto unaounguza majani.

"Waambie moto ni marufuku."

"Upi, shefe?"

"Kwani iko mingapi? Moto ni moto!"

Nikamweleza. Kwa wenyeji, moto wa jikoni una heshima yake, na moto uliotoroka ni balaa. Halafu upo moto wa kuitana, wa kusafisha shamba kabla ya mvua. Mwenye shamba huwaita majirani, nao huja na matawi mabichi, wakalizunguka shamba ili moto usivuke mpaka. Aliyeuona moshi akabaki kwake, moto ukivuka, lawama ni yake pia, na atashika jembe kumlimia aliyeunguliwa. Nilisema hayo mpaka koo likanikauka. Shefe akatazama saa yake.

Mwishowe akalegeza, lakini vibaya. Alikuwa amekuta watu wameuzunguka moto wakiimba, akaona ni fujo. Akaamuru kila mtu achome shamba lake peke yake. Watakaokusanyika watapigwa faini. Nikatafsiri upuuzi ule kama ulivyo.

Bi Atija, mjane, alikuwa na shamba moja tu la mpunga. Aliita majirani, wakaogopa faini. Akachoma peke yake. Upepo ukageuka, moto ukaruka kwa jirani yake, Mzee Anli, ukala mikorosho yake.

Shefe alimwita Bi Atija mbele ya watu, akasema atampeleka polisi Palma na shamba atapewa mtu mwingine. Kabla sijamaliza kutafsiri, Mzee Anli akasimama.

"Mikorosho ni yangu, na simdai. Mama huyu katuita. Moshi niliuona, nikakaa ndani. Moto ule ni wangu pia."

Akasimama mwingine, na mwingine, mpaka kila mtu akawa wima.

"Wanataka nini hawa?" shefe akafoka.

"Wanataka wafungwe naye, shefe."

Hapo Bi Atija akanigeukia. "Baba, niulizie kwa shefe. Siku ile alikuwa kibarazani kwake anakunywa kahawa. Yeye moshi hakuuona?"

Nililitafsiri swali lile neno kwa neno, na nakiri nililifurahia.

"Niliuona," shefe akasema, akakifunga kikao. Bi Atija akabaki na shamba lake. Amri haikufutwa, ila msimu uliofuata majirani waliitana tena, na shefe hakuuliza kitu. Kisha akahamishwa, akaja mwingine na amri ileile, nami nikaanza kueleza upya. Miaka yangu yote imekwenda hivyo.

Sasa nimestaafu, niko Quionga, na nilidhani nimepumzika. Juzi moshi ukapanda nyuma ya nyumba yangu. Jirani yangu anaita, anaita, na vijana wamesimama wanarekodi kwa simu.

"Nendeni basi!" nikawafokea.

"Tunatuma kwenye kundi, babu, watu wapate habari."

Habari! Nikakata tawi la mkorosho, nikaenda na magoti yangu haya mabovu. Vijana wawili wakanifuata. Waliobaki wakageuza simu, wakawa wananipiga picha mimi.