Kambambili Yangu Ndani ya Filme

Mimi ni mareni wa ndoa ya Furaha na Kambale. Nilisimama nao kanisani, na wakigombana, ni mimi ninayewapatanisha. Juzi nikipita nyuma ya nyumba yao ya mbao, hapa Ndosho, nikasikia Kambale anasema, "Sheri, bibi yangu hajui kitu." Mwanamke akacheka, na kicheko hakikuwa cha Furaha.

Sikubisha hodi. Niliingia kwa mlango wa nyuma, kambambili moja mguuni, nyingine mkononi, nikamchapa Kambale nayo mgongoni.

"Kambale, hauna haya? Ndoa ni kuvumilia. Angalia mimi. Muzee wangu analala sebuleni, kwenye viti vya saloni, tangu Pasaka, hata hatusalimiani. Kuna mutu wa shirika letu la kanisa anayejua?"

Yule mwanamke alikuwa anang'ata kitenge asicheke. Nikageuka. Furaha alikuwa pale mlango wa mbele, ameshika simu anatupiga video, na nyuma yake nusu ya shirika, waliokuja kuigiza majirani.

"Mareni," Furaha akasema kwa heshima, "tunacheza filme ya kuchekesha. Kambambili tunaiacha ndani. Na ile habari ya saloni, tuiache ndani pia?"