Kalamu, Karamu na Pikipiki

Baba yangu ni mwalimu wa shule ya msingi, na ukishazaliwa na mwalimu shule haifungwi. Unatoka darasani, unashuka kilima cha Ngara mjini, unapanda kilima cha kwetu, unafika nyumbani umechoka kana kwamba ulivibeba vilima vyenyewe mgongoni, halafu unaulizwa: "Leo mmejifunza nini?" Nilikuwa kidato cha pili, na jibu langu lilikuwa moja tu: "Mengi, Baba." Nilichokuwa nimejifunza hasa kisingemfurahisha. Nilikuwa nimejifunza kubadilisha sura ya gemu kwenye simu yake.

Baba alikuwa na simu mbili. Ya tochi alitembea nayo, maana ilishaanguka kwenye baiskeli mara nyingi hadi ikazoea. Ya kupangusa aliiacha nyumbani juu ya kabati, imefungwa kwenye leso kama kidonda. Humo ndani niliingiza gemu la pikipiki. Jamaa anaendesha bodaboda kwenye barabara ya vumbi, ng'ombe wanakatiza, wewe unamkwepesha kwa kidole. Akigonga ng'ombe anaanguka. Ukigusa kioo anasimama, anajipangusa, safari inaendelea. Hadithi yote ni hiyo, na mimi sikuhitaji nyingine.

Shida ilikuwa ikoni yake: pikipiki nyekundu inayong'aa, hata mpita njia angeiona kupitia dirishani. Baba alishatangaza kwamba siku atakayokuta gemu kwenye simu yake, mimi na gemu tutahama pamoja, na hatatusindikiza.

Dawa niliipata kwa mwenzangu wa darasani, ndani ya memori kadi. Ilikuwa programu inayokuuliza mambo mawili: hiki unataka kifanane na nini, na unataka kiitweje. Siku ya kwanza nilipagawa. Saa ya kuniamsha niliipa picha ya jogoo wetu, kikokotoo nikakipa kiazi, kamera nikaipa jicho la mdogo wangu likiwa na tongotongo zake. Kabla Baba hajarudi nikavirudisha vyote, isipokuwa gemu. Hilo nililivisha sare ya shule. Nililipa picha ya kalamu ya bluu, nikaliandika "Mazoezi".

Baba aliiona wiki ile ile.

"Hii Mazoezi ni nini?"

"Ya shule, Baba. Unafanya, ukikosea unaanza tena."

"Umefika la ngapi?"

"La kumi na nane."

Akaitikia kwa kichwa, ameridhika. Na ukitoa lile neno "shule", sikuwa nimedanganya hata moja.

Sasa, hiyo ndiyo miezi watu walipoanza tena kuvuka kutoka Burundi wakikimbia machafuko. Kitongoji chetu kizima, kila nyumba ilikuwa na "mgeni", na hakuna aliyeuliza mgeni ataondoka lini. Wetu alikuwa mama mdogo, anayemfuata Mama kwa kuzaliwa, aliyeolewa upande wa pili. Alifika asubuhi moja na mtoto wa miaka miwili mgongoni na ndoo kichwani, na ndani ya ndoo sufuria na blanketi. Kuanzia hapo tukalala kitanda kimoja watatu: mimi, yeye, na yule mtoto ambaye usingizini alikuwa anacheza mpira. Kama kuna mwalimu aliyejiuliza kwa nini nasinzia kipindi cha jiografia, jibu ni mateke.

Mumewe alikuwa amebaki. Alikuwa karani kwenye kituo cha kupimia kahawa, akasema atafuata njia ikikaa sawa. Makubaliano yao yalikuwa haya: siku akivuka pale Kabanga, atamwambia mkewe, naye akimbie na mtoto waandikwe pamoja, kaya moja. Kwa sababu pale mpakani magari yalikuwa yanachukua watu kuwapeleka kambini Kibondo, mkoa mwingine kabisa, na ukiandikwa peke yako basi wewe ni mtu wa peke yako. Kuja kusema baadaye kwamba una mke ni foleni juu ya foleni. Mama mdogo alilima, alichota maji, alipika, lakini sikio lake lilikuwa juu ya kabati.

Kusoma hakujui. Mumewe alikuwa anamtumia ujumbe wa sauti kwenye ile simu ya Baba, naye anasubiri hadi nirudi shule nimfungulie. Siku moja akachoka kusubiri.

"Mwanangu, hivi mimi kumsikia mume wangu mpaka kengele ya shule yenu igongwe? Muwekee mahali pake, nikibonyeza nimsikie."

"Hilo dogo. Unataka picha gani?"

"Karamu."

Kwetu kalamu ni karamu. Ndivyo ilivyo kwenye Kihangaza chetu, ndivyo ilivyo kwenye Kirundi, na hata Baba na ualimu wake, akichoka, anaomba karamu nyekundu asahihishe madaftari. Mama mdogo alikuwa anaisema ile kalamu ambayo mumewe huichomeka nyuma ya sikio, na mimi nilimwelewa vizuri sana. Lakini kalamu ilikuwa imeshapata kazi kwenye simu ile. Zikiwa mbili, Baba angeuliza. Halafu mtu akikuomba karamu kwa Kiswahili sanifu, nani ana makosa? Nikamuwekea sahani ya pilau na paja la kuku juu yake.

Aliitazama muda mrefu. "Hii nini?"

"Karamu, Mama mdogo. Si ndivyo ulivyosema?"

Mama alicheka hadi akashika mlango. Mama mdogo akasonya. "Nimesema karamu ya kuandikia, wewe mtoto!"

"Za kuandikia zimeisha kwenye simu."

Akatazama pilau, akashusha pumzi. "Haya. Basi nitakuwa namla."

Na ndivyo tulivyoishi miezi miwili. Asubuhi kabla ya kwenda shamba anapangusa mikono kwenye kitenge, anabonyeza sahani, na sauti ya mwanamume inatoka kwenye paja la kuku: watoto wa dada hawajambo, mvua imenyesha, bado njia mbaya. Mimi naye hatukuwa na nguvu za kucheka tena, tulishazoea. Alikuwa anasema tu, "Kuku kasema bado."

Jumatano moja jioni Baba alivua miwani akasema, "Kesho nikirudi, mimi na wewe tutakaa. Unifungulie hayo Mazoezi, nione unakosea wapi."

Sikulala vizuri, na safari hii mtoto hana hatia. Asubuhi nikachukua simu, nikafanya kazi ya dakika mbili ambayo niliiona ya akili nyingi mno. Kalamu nikaivua kwenye gemu, nikampa mume wa Mama mdogo, hatimaye apate alichoomba. Sahani ya pilau nikalivisha gemu, nikaliita "Mapishi", maana Baba tangu azaliwe hajawahi kufungua kitu chochote kinachohusu jiko. Mazoezi ningesema yameisha, nimehitimu. Kila mtu ameridhika.

Kilichobaki ni kumwambia Mama mdogo. Alikuwa ameshatoka, yuko shambani ng'ambo ya bonde, na mimi nilikuwa nachelewa. Shuleni anayechelewa anapigishwa magoti kwenye kokoto. Nikasimama njia panda, nikaangalia bonde, nikaangalia magoti yangu. Nikasema nitamwambia jioni.

Niliporudi, saa kumi ilikuwa imepita kidogo, uwanja wetu ulikuwa umefagiwa mpaka unaona aibu kuukanyaga. Mtoto ameoga, anang'aa mafuta. Mama mdogo amevaa kitenge ambacho hajawahi kukigusa tangu afike. Na jikoni kunanukia kuku, siku ya Alhamisi.

"Shikamoo, Mama mdogo. Kuna nini?"

"Marahaba. Baba yako mdogo anakuja!" Alikuwa anacheka na kulia pamoja. "Yuko njiani, kwa pikipiki."

"Nani kasema?"

"Mwenyewe. Saa nne nimerudi kutoka shamba, simu imelia, nikambonyeza. Leo hakusema, leo kajionyesha! Yuko barabarani, ng'ombe ni wengi, sijui ni wa nani. Wamemwangusha. Nimepiga kelele, nimemgusa hivi, akasimama. Ameanguka tena, nikamgusa, akasimama. Nimekaa naye hadi saa sita, mwanangu, kidole kimekufa ganzi. Halafu simu ikaisha moto ikazima. Lakini ng'ombe wale tumewapita."

Mimi ni mtu wa maneno. Nyumbani wananiita redio. Safari hii nilitumia mikono. Nikachomeka simu kwenye betri ya sola, nikasubiri iwake, naye anaendelea kuniuliza kama kutoka Kabanga kwa pikipiki ni mbali hivyo. Ilipowaka nikabonyeza kalamu. Kulikuwa na sauti tatu.

Ya kwanza: "Mke wangu, nimevuka. Niko Kabanga, njoo na mtoto." Ya pili: "Wanaandika watu. Nimewaambia nina familia, wamesema watasubiri kidogo. Uko wapi?" Ya tatu ilikuwa na mlio wa gari ndani yake: "Magari yanaondoka saa nane. Simu yangu inazima. Njoo."

Mama mdogo alikaa chini, palepale kwenye uwanja aliofagia.

"Na huyu wa pikipiki ni nani?"

"Ni gemu, Mama mdogo. Si mtu."

"Si mtu," akasema. Akamnyanyua mtoto.

Tulipanda bodaboda mshikaki, dereva, mimi, yeye na mtoto katikati. Dereva aliyezoea kuchekesha abiria alijaribu mara moja akaacha. Tuliwapita ng'ombe kadhaa. Niliangalia pembeni.

Pale Kabanga palikuwa pamebaki ndala zisizo na wenzake, maganda ya ndizi, na mama mmoja aliyevaa kizibao cha kazi akikusanya karatasi kwenye meza. Nilimwamkia, akaitika bila kuinua uso. Nikamtajia jina la Baba mdogo.

"Yule mwenye kalamu sikioni? Ameondoka na gari la mwisho. Tuliwasubiri, mama. Alikuwa anasimama barabarani kila pikipiki ikija."

"Mmemwandikaje?" Mama mdogo akauliza.

Yule mama alifungua daftari, ingawa nadhani alikuwa anakumbuka. "Mtu mmoja," akasema. Akaongeza polepole, kama anayeomba samahani kwa niaba ya daftari: "Gari lilikuwa limeshawashwa."

Nyumbani Baba alikuwa amekaa mezani, kuku mbele yake hajaguswa. Nilimwambia yote, kuanzia pikipiki nyekundu. Nilitegemea fimbo, na nakiri niliitaka, maana fimbo ina mwisho. Baba akavua miwani akaifuta, akaivaa, akaivua tena.

"Mazoezi kumi na nane," akasema. Kisha akamgeukia Mama mdogo. "Shemeji, tusamehe."

Yeye alikuwa anamlisha mtoto. "Mtoto amecheza," alisema. "Watoto wanacheza." Afadhali angenizaba kibao.

Jumamosi Mama alimsindikiza kurudi Kabanga, na safari hii akaenda kuandikwa. Kwetu angeweza kukaa mpaka mtoto aanze shule, wala hakuna ambaye angemfukuza. Lakini kumfuata mumewe kulikuwa na njia moja, nayo ilikuwa kupanda gari lile lile. Alibeba ndoo ile ile. Nilimuomba nimbebee hadi barabarani, akanipa mtoto badala yake, na mtoto akanipiga teke la tumbo kwa mara ya mwisho. Mama mdogo aliandikwa watu wawili.

Gemu nililifuta. Hakuna aliyeniambia nilifute, na hakuna aliyenisifu.

Wiki sita zikapita ndipo simu ya Baba ilipolia, namba ngeni, mchana wa Jumapili. Alikuwa Mama mdogo. Wamekutana na mumewe, kwenye foleni ya unga, kambini. Alimwona kwa nyuma akaifahamu shingo. Nikapiga kelele, Mama akatoka nje na mwiko mkononi, Baba akasema weka sauti kubwa tusikie wote.

"Mnakaa pamoja?" Mama akauliza.

"Bado. Yeye wamempa hema na wanaume wenzake, mimi niko na akina mama. Tumeenda kueleza kwamba ni kaya moja. Tumeenda mara nne."

"Wanasemaje?"

"Wanasema turudi Jumatatu."

"Jumatatu hii?"

"Kila wiki wanasema Jumatatu, dada." Akacheka kidogo, cheko la mtu ambaye amesimama muda mrefu. Kisha akaniita. "Wewe, redio. Mbona kimya? Mtoto anakuulizia. Analala vibaya, anasema hapa hakuna wa kumpiga mateke."

Nikamwambia nimechoka, ndiyo maana. Na kweli nilikuwa nimechoka. Tangu aondoke, maji nayachota mimi, safari tatu kabla ya shule, bondeni hadi nyumbani, na kitanda kizima ni changu, lakini bado nasinzia jiografia. Vocha yake ikaisha katikati ya neno. Mama akarudi jikoni. Baba akaifunga simu kwenye leso. Nikachukua ndoo, maana ndoo ya kesho ikichotwa leo, safari za asubuhi zinapungua moja.